Kutoka kumbini hadi ukumbini: Sanaa ya wapenzi wa jinsia moja na majumba yanayoionyesha

Na Mwandishi Wetu, Korogwe

MSAFIRI anayetoka Dar es Salaam kuelekea kaskazini, akifika Segera wilayani Handeni, hukuta njia panda. Akikata kulia anakwenda Muheza na Tanga mjini. Akiendelea anaingia Korogwe, mji wa reli, mkonge na Mto Pangani. Wengi hupita hapo wakinunua machungwa dirishani mwa basi, bila kufikiri kwamba udongo wa wilaya hizi mbili umo katika vitabu vya historia ya sanaa ya Afrika.

Mwaka 1956 Hans Cory, mzaliwa wa Vienna aliyekuwa mtaalamu wa mila katika serikali ya kikoloni ya Tanganyika, alichapisha kitabu kuhusu vinyago vya udongo vilivyotumika katika mafunzo ya jando na unyago. Miongoni mwa makabila aliyoyaandika ni Wazigua wa Handeni na Wasambaa wa milima inayoitazama Korogwe. Vinyago hivyo vidogo, vingi vikiwa vimekaushwa juani tu, vilionyesha watu, wanyama na vyombo vya nyumbani. Kila kimoja kilikuwa na wimbo wake, na kila wimbo ulikuwa na fumbo lililomfundisha kijana juu ya mwili, ndoa, uzazi na miiko.

Historia hiyo inafaa kukumbukwa leo, wakati mjadala wa sanaa inayogusa mapenzi ya jinsia moja ukiwa mkali katika nchi zote za Afrika Mashariki. Wapo wanaosema kwamba sanaa inayozungumzia mambo ya chumbani ni jambo geni lililoletwa na Wazungu. Wapo wanaosema kwamba msanii ana haki ya kuchora maisha yake kama yalivyo. Katikati ya pande hizo mbili lipo jengo ambalo mara nyingi halielezwi vizuri, nalo ni jumba la sanaa.

Kumbi na ukumbi

Lugha yenyewe inatoa mwanga. Mahali walipokaa wanajando paliitwa kumbi, na mahali panapotundikwa picha leo panaitwa ukumbi wa maonyesho. Maneno haya yanakaribiana kwa sauti, na kazi za sehemu hizo mbili zinakaribiana pia.

Kumbini hakuingia kila mtu. Kulikuwa na mlango, kulikuwa na wakati maalumu, na kulikuwa na ngariba au kungwi aliyejua nini kionyeshwe, kwa nani na kwa maneno gani. Kinyago ambacho kingeleta fedheha sokoni kilikuwa somo la heshima ndani ya kumbi. Mafunzo yakimalizika, vinyago vingi vilifichwa au kuvunjwa.

Jumba la sanaa nalo lina mlango, lina saa za kufungua, na lina msimamizi wa maonyesho anayechagua kazi, anayezipanga na kuandika maelezo yanayobandikwa ukutani. Tofauti kubwa ni mbili. Ya kwanza ni kwamba ukumbi uko wazi kwa yeyote anayefika. Ya pili ni kwamba kungwi alifundisha yale ambayo jamii nzima ilikwisha kuyakubali, ilhali msanii wa leo mara nyingi huonyesha jambo ambalo jamii yake inalikataa.

Vinyago alivyovikusanya Cory havikufundisha mapenzi ya jinsia moja, wala mwandishi huyo hakudai hivyo. Vinachothibitisha ni kwamba kufundisha mambo ya mwili kwa njia ya sanaa si jambo lililovuka bahari. Jambo ambalo limekuwa likibadilika ni nani anashika kinyago, na nani anaruhusiwa kukitazama.

Kanga yenye ujumbe mwingine

Mfano ulio karibu zaidi na msomaji wa Kiswahili ni ule wa marehemu Kawira Mwirichia, msanii wa Kenya. Mwaka 2017 alifanya maonyesho katika Taasisi ya Goethe jijini Nairobi kwa kutumia vazi linalojulikana katika kila nyumba ya pwani na bara, yaani kanga, ambayo Wakenya huiita leso.

Kanga ina sehemu tatu: pindo, mji na jina, yaani yale maneno yanayoandikwa chini. Kwa zaidi ya karne moja wanawake wa Tanga, Mombasa na Unguja wameyatumia maneno hayo kusema yale ambayo mdomo hauwezi kuyatamka mbele ya mkwe au jirani. Mwirichia alilitambua hilo. Alibuni kanga za nchi mbalimbali za dunia, kila moja ikibeba historia na ujumbe wa watu wapendanao jinsia moja katika nchi hiyo. Wazo alilitoa katika desturi ya harusi ya kutandika kanga njiani ili wanaooana wapite juu yake kwa heshima.

Mtu asiyejua kusoma maandishi ya makumbusho ya Ulaya anajua kusoma kanga. Kwa sababu hiyo kazi ile iligusa watu kuliko mchoro wowote ambao ungeletwa kutoka nje. Mwirichia alifariki dunia mwaka 2020, akiwa ameacha kazi ambayo haikuhitaji kuazima vazi wala lugha ya mtu mwingine.

Mkenya mwingine, Alex Mawimbi, ambaye awali alijulikana kwa jina la Ato Malinda, mwaka 2014 aliandaa kazi aliyoiita kwa Kiswahili "Mshoga Mpya". Haikuwa picha ya ukutani. Mtazamaji aliingia peke yake katika kibanda kidogo, akakaa ana kwa ana na msanii, na kusikilizishwa simulizi za watu wapendanao jinsia moja. Kazi hiyo ilirudia utaratibu wa kale: mlango mmoja, msikilizaji mmoja na siri ya mtu.

Jina la kazi hiyo nalo lina uzito. Kwa wanawake wa mwambao, shoga ni rafiki wa kike wa karibu, na hadi leo wapo wanaoitana hivyo bila ubaya wowote. Neno hilohilo, likielekezwa kwa mwanamume, limekuwa tusi. Msanii alilichukua tusi hilo na kulifanya kichwa cha habari.

Ganda la muwa

Uganda inatoa mfano wa gharama kubwa zaidi. Leilah Babirye, mchongaji na mfinyanzi aliyezaliwa Kampala mwaka 1985 na kusoma sanaa katika Chuo Kikuu cha Makerere, aliondoka nchini mwake mwaka 2015 kwenda Marekani baada ya kutangazwa hadharani kuwa anapenda wanawake na kukataliwa na familia yake. Alipewa hifadhi ya ukimbizi mwaka 2018.

Katika Kiganda, tusi wanalotupiwa watu kama yeye linahusishwa na neno ebisiyaga, yaani makapi ya muwa, kile kinachotemwa baada ya utamu kwisha. Babirye amelijibu tusi hilo kwa vitu. Anachukua minyororo ya baiskeli, misumari, mipira ya magurudumu na vyuma chakavu vilivyotupwa barabarani, na kuvifunga juu ya vichwa vikubwa vya mbao iliyochomwa au vya udongo uliopakwa rangi ya kung'aa. Kisha huvipa majina ya koo za Buganda. Kwa kufanya hivyo anasema kwamba waliotupwa nao wana ukoo, na kwamba ukoo haufutwi kwa tangazo la gazeti.

Mwaka 2024 kazi zake zilionyeshwa katika bustani ya vinyago ya Yorkshire nchini Uingereza, katika Makumbusho ya de Young mjini San Francisco, na katika maonyesho makubwa ya kimataifa ya Venice, Italia, ambayo mwaka huo yalibeba jina lenye maana ya "Wageni Kila Mahali".

Mtu wa Handeni hahitaji kuelezwa sana maana ya ukimbizi. Katika miaka ya 1990 wilaya hiyo ilipokea katika kambi ya Mkuyu, na baadaye katika makazi ya Chogo, Wasomali wenye asili ya Kizigua ambao mababu zao walichukuliwa utumwani kutoka maeneo hayo katika karne ya 19. Walirudi wakiwa bado wanazungumza lugha inayofanana na ya wenyeji. Nao, kama mchongaji huyo wa Kampala, walibeba nyumbani kwao katika maneno, kwa kuwa hawakuwa na kitu kingine cha kubeba.

Kwa nini taasisi za kigeni?

Swali linaloulizwa mara kwa mara ni kwa nini maonyesho ya aina hii hufanyika ama Ulaya na Marekani, ama katika taasisi za utamaduni za nchi za nje zilizopo katika miji yetu. Majibu yapo matatu.

La kwanza ni sheria. Tanzania Bara inatumia Kanuni ya Adhabu iliyorithiwa kutoka utawala wa Waingereza na kukazwa na sheria ya makosa ya kujamiiana ya mwaka 1998, ambayo adhabu yake kwa kile kinachoitwa kosa kinyume cha maumbile ni kifungo cha miaka isiyopungua 30 na kinaweza kufika maisha. Nchini Kenya, Mei 24, 2019, Mahakama Kuu ilikataa kuvifuta vifungu kama hivyo. Uganda ilitunga sheria mpya mwaka 2023, na Aprili 2024 Mahakama ya Katiba iliacha sehemu kubwa ya sheria hiyo isimame.

Kwa mwenye jumba la sanaa, sheria ya Uganda ina kipengele kinachotisha zaidi ya vingine, nacho ni kile cha "kuhamasisha". Mtu anayechapisha au kusambaza kazi inayohesabiwa kuwa ya kuhamasisha mapenzi ya jinsia moja anaweza kufungwa hadi miaka 20, na kampuni au taasisi inaweza kutozwa faini ya hadi Sh1 bilioni za nchi hiyo na kusimamishiwa leseni. Mwenye ukumbi anayetundika picha anabaki akijiuliza kama msumari wa ukutani ni uhamasishaji.

Jibu la pili ni vyombo vya kusimamia sanaa, ambavyo havibani fani zote kwa nguvu moja. Kenya inaonyesha tofauti hiyo waziwazi. Sheria yake ya filamu na michezo ya jukwaani inataka vibali, na Bodi ya Filamu imeitumia. Oktoba 2014 iliizuia filamu ya "Stories of Our Lives" ya kikundi cha Nest cha Nairobi, na mtayarishaji wake, George Gachara, alikamatwa kwa madai ya kurekodi bila kibali kabla ya mashitaka kufutwa. Aprili 2018 iliizuia "Rafiki" ya Wanuri Kahiu, filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa katika tamasha la Cannes. Septemba mwaka huo mahakama iliruhusu ionyeshwe kwa siku saba, na watu walipanga foleni.

Picha ya ukutani haipiti katika bodi hiyo. Ndiyo maana kanga za Mwirichia ziliweza kutandazwa Nairobi mwaka 2017, kati ya marufuku ya filamu moja na nyingine. Nchini Tanzania, Baraza la Sanaa la Taifa, lililoundwa kwa Sheria Namba 23 ya mwaka 1984, linasimamia fani zote, zikiwamo sanaa za ufundi, na hivyo mchoraji naye yumo chini ya mwavuli huo.

Jibu la tatu ni fedha. Jumba la biashara huishi kwa kuuza, na kwa kawaida huchukua karibu nusu ya bei ya kila kazi inayouzwa. Wanunuzi wa sanaa katika miji yetu ni wachache, na mwenye jumba hataki kupoteza hata mmoja. Nafasi Art Space ya Dar es Salaam, iliyoanzishwa mwaka 2008, na vituo kama Kuona na GoDown vya Nairobi, viliwapa wasanii karakana na mahali pa kukutana, lakini vituo vya aina hii hutegemea kwa kiasi kikubwa ufadhili na nia njema ya mamlaka. Taasisi ya utamaduni ya nchi ya nje haitegemei mauzo, na ina balozi nyuma yake.

Hapo ndipo penye mtego. Kazi inayoonyeshwa katika jengo la Wajerumani au Wafaransa hupata ulinzi, lakini siku hiyohiyo huwapa wapinzani hoja kwamba jambo lote ni la kigeni. Msanii aliyetumia kanga ya bibi yake huambiwa ameiga Ulaya, kwa sababu tu Ulaya ndiyo iliyompa ukuta.

Hata penye sheria

Hali katika nchi nyingine za Afrika inaonyesha kwamba ukuta si ngao kamili. Mei 2014 jumba la Raw Material la Dakar, Senegal, lilifungua maonyesho yaliyohusu picha za wapenzi wa jinsia moja barani Afrika, yakiwa na kazi za wasanii akiwamo Jim Chuchu wa Kenya na Zanele Muholi wa Afrika Kusini. Jengo lilishambuliwa na maonyesho yakafungwa kabla ya wakati wake.

Afrika Kusini ina katiba ya mwaka 1996 inayokataza ubaguzi wa aina hiyo. Hata hivyo mwaka 2009 aliyekuwa Waziri wa Sanaa na Utamaduni, Lulu Xingwana, aliondoka katika maonyesho ya wanawake mjini Johannesburg baada ya kuona picha za Muholi za wanawake waliokumbatiana. Mwaka 2012 wezi waliingia nyumbani kwa mpigapicha huyo na kuondoka na vifaa vilivyohifadhi kazi za miaka kadhaa. Muholi aliendelea na mradi alioanza mwaka 2006 wa kupiga picha za nyuso za wanawake wapendanao na watu waliobadili jinsia, na baadhi ya waliomo katika picha hizo wamekwisha kufa. Kwa familia zao, picha ile ndiyo kumbukumbu iliyobaki.

Katika miji ya Magharibi yapo sasa makumbusho yaliyojengwa kwa ajili ya historia hiyo peke yake: lile la Schwules la Berlin lililoanzishwa mwaka 1985, la Leslie-Lohman la New York, na Queer Britain lililofungua milango jijini London mwaka 2022. Nchi hizo nazo ziliwahi kuwafunga watu wake kwa kosa hilohilo. Uingereza, iliyoziachia koloni zake vifungu hivyo, ilianza kuvilegeza kwake mwaka 1967, wakati makoloni yake mengi ya Afrika yalikwisha kujitawala na kubaki navyo.

Wasiwasi wa mzazi

Haitoshi kueleza upande wa wasanii peke yake. Mzazi wa Korogwe anayelea watoto kwa mafundisho ya msikiti au kanisa ana wasiwasi wa kweli. Anaogopa kwamba mtoto wake ataonyeshwa, bila yeye kuwapo, jambo ambalo dini yake inalikataza. Viongozi wa dini na wa siasa wamekuwa wakiusemea wasiwasi huo kwa sauti kubwa, na sheria ya nchi iko upande wao.

Lakini wasiwasi huo ukiachwa bila mipaka huleta madhara kwa watu. Oktoba 2018 Paul Makonda, wakati huo akiwa Mkuu wa Mkoa wa Dar es Salaam, alitangaza msako na kuwataka wananchi wataje majina ya watu wanaowashuku. Siku chache baadaye Wizara ya Mambo ya Nje ilitoa taarifa kwamba huo ulikuwa mtazamo wake binafsi na si msimamo wa serikali. Kwa walioogopa kutajwa na majirani zao, siku hizo chache zilikuwa ndefu.

Jumba la sanaa linaweza kuujibu sehemu ya wasiwasi wa mzazi kwa njia ambayo simu ya mkononi haiwezi. Lina mlango na mlinzi, linaweza kuweka umri wa kuingia na kubandika tangazo linaloeleza kilichomo. Asiyetaka haingii. Hayo ndiyo masharti ambayo kungwi aliyaelewa kabla ya umeme kufika wilayani.

Kilichobaki kabatini

Mkusanyo wa vinyago wa Cory ulikwenda katika makumbusho ya Dar es Salaam, yaliyofunguliwa mwaka 1940 kwa jina la Mfalme George V na ambayo leo ni sehemu ya Makumbusho ya Taifa. Udongo wa Handeni na Usambara uliokusudiwa kuvunjwa baada ya somo ukahifadhiwa na mgeni, ukapewa namba na kuandikwa kwa Kiingereza. Kisichoweza kuwekwa kabatini ni sauti ya kungwi, na kinyago bila wimbo wake ni donge la udongo lisilosema kitu.

Wasanii wa leo wako katika hali isiyotofautiana sana na hiyo. Vichwa vya Babirye vimeonyeshwa San Francisco na London, vikiwa na majina ya koo za Buganda ambayo watazamaji wengi wa huko hawawezi kuyatamka. Watu ambao wangeyatamka vizuri, na ambao wangeelewa bila maelezo ya ukutani kwa nini mtu ajiite ganda la muwa, hawana mahali pa kwenda kuvitazama.

Wasichana na wavulana wa Korogwe na Handeni wanaojifunza kufinyanga, kushona na kuchora watakuwa na mambo yao ya kusema, na baadhi yao watasema yasiyopendeza. Kama hakutakuwa na ukumbi karibu, yatasemwa mbali, kwa lugha nyingine, na jamii iliyowazaa itayasikia mwisho.